Saini ya Asubuhi

Mama Mashuka alikuwa dobi wa hospitali. Jina hilo la utani alipewa na wagonjwa, naye alilipenda. Kila asubuhi alisaini daftari kwamba mashuka mia mbili yamefuliwa. Mashuka yenyewe yalikuwa bado matengani, machafu. Madobi wote walisaini hivyo, kwa sababu jioni kila mtu alitaka kuwahi nyumbani.

Mdogo wake, fundi baiskeli, aligombea udiwani kwa upinzani. Chama kilichotawala kilikuwa madarakani tangu wote wawili hawajazaliwa.

"Dada, nakuomba uwe wakala wangu kituoni," alisema. "Simwamini mtu mwingine."

"Ondoa shaka. Nimekulea wewe, nitashindwa kulinda sanduku?"

Siku ya uchaguzi alipiga kura yake, kisha akakaa kwenye benchi la mawakala. Msimamizi wa kituo alikuwa na maneno matamu. Alimletea fomu ya matokeo. Haikuwa na tarakimu hata moja.

"Saini hapa, mama, tusije tukachelewa jioni."

Akasaini. Hakujiuliza, maana mkono ulishazoea. Kosa lenyewe ndilo hilo, na halikuchukua hata dakika.

Jioni, kabla ya kura kuhesabiwa, alitolewa nje. "Umeshasaini, mama. Kazi yako imekwisha."

Kesho yake fomu ilibandikwa mlangoni. Mgombea wa chama tawala, kura 308. Fundi baiskeli, sifuri. Saini ya dada yake ilikuwa pale chini, safi kabisa.

Fundi, ambaye mwenyewe alipigia kura kituo kingine, aliisoma mara mbili. "Sifuri? Hata wewe, dada, hukunipigia?"

"Nilikupigia! Haki ya Mungu nilikupigia!"

"Na hii saini ni ya nani?"

Mama Mashuka aliifunika saini kwa kiganja.

Fundi alipolalamika, alikamatwa kwa kosa la kuchochea vurugu. Mahakamani mwendesha mashtaka aliinua ile fomu juu. "Dada yake mwenyewe ameyakubali matokeo," alisema, na watu wengine wakacheka. Fundi akafungwa miaka saba. Dada yake alikwenda gerezani kila mwezi, na kila mwezi askari alirudi peke yake. "Amekataa kutoka, mama. Anasema hana dada."

Jirani yake alikuwa karani mstaafu, mwanamke mkali asiyejua kubembeleza. Siku moja alimkuta Mama Mashuka akilia juu ya beseni.

"Machozi hayafui nguo," alisema. "Uchaguzi mwingine unakuja. Unajua ulipokosea?"

"Niliwaamini."

"Hapana. Ulisaini kitu ambacho hakijafanyika. Saini maana yake ni kwamba umeona. Sasa sikiliza. Fomu tupu usiiguse. Sanduku likifunguliwa asubuhi, chungulia ndani uone kama ni tupu. Wakati wa kuhesabu usitoke, hata ukiitiwa chai. Andika hesabu yako pembeni. Ikilingana na yao ndipo usaini, na udai nakala. Wakikataa kukupa, andika malalamiko, tena mbele ya mawakala wenzako."

"Wakinipiga je?"

"Wanaweza kukupiga," alijibu Karani. "Siwezi kukudanganya."

Tangu siku hiyo Mama Mashuka aliacha kusaini daftari la hospitali asubuhi. Msimamizi wa madobi alinuna, wenzake wakamdhihaki kwa kumwita hakimu. Alihesabu mashuka yake yakishafuliwa, ndipo akasaini.

Uchaguzi ulipofika, akawa wakala wa muuguzi mmoja aliyegombea udiwani. Yule msimamizi wa kituo alimletea tena fomu tupu.

"Nitasaini nikishaona," alisema.

Alikaa hadi kura ya mwisho. Muuguzi, 241. Chama tawala, 67. Akasaini, akapewa nakala, akaikunja na kuificha kifuani.

Siku ya pili redio ilitangaza kwamba chama tawala kimeshinda kata yote. Kituo chake kimoja kilikuwa kimefunikwa na vingine vyote.

"Nilifanya yote uliyonifundisha," alimwambia Karani. "Na bado wameiba."

"Wameiba," alisema Karani. "Lakini safari hii hawakuiba kwa saini yako."

Maneno hayo hayakumpoza. Alikuwa amechoka, na aliona kwamba wale watu watamzika wakiwa bado madarakani. Hata hivyo alikwenda gerezani.

"Mwambie nimeleta fomu," alimwomba askari.

Alisubiri sana. Kisha fundi akatoka. Alikuwa amekonda, mvi zimemwingia. Mama Mashuka aliibandika nakala kwenye kioo kilichowatenganisha. Fundi aliisoma polepole hadi chini.

"Ulisaini saa ngapi?"

"Jioni. Baada ya kuhesabu."

"Ulihesabu mwenyewe?"

"Moja moja."

Askari aligonga meza. Muda umekwisha. Fundi alisimama, akafika mlangoni, akageuka. Ilikuwa imebaki miaka miwili ya kifungo chake.

"Dada," alisema. "Utakuja tena lini?"