Mwenye Chemchemi

Chai ilikuwa na ladha ya mate. Mke wa fundi pampu aliitema, akasugua sufuria, akachemsha nyingine. Mate yale yale, ya mtu asiyepiga mswaki.

"Onja," alimwambia mumewe.

"Wivu wa majirani huo. Kunywa." Yeye akamaliza kikombe chake.

Wivu ulikuwa na sababu. Tangu chemchemi ya kijiji iwekewe pampu na maji yote kupelekwa mji wa mbali, nyumba ya fundi ndiyo pekee iliyoachiwa bomba. Wengine walikuwa wakichuja tope.

Kesho yake bomba likatoa unywele. Mke akauvuta, ukaja. Akavuta tena, ukazidi kuja, mweusi, unateleza kama kamasi, hadi beseni likajaa.

Mchana tumbo la fundi likavimba. Kila alipojigeuza kitandani, maji yalisikika yakipiga ndani yake kama ndani ya dumu, na harufu ya vyura waliooza ikamtoka mdomoni, ikajaa chumba, ikashika mapazia, ikaingia hata kwenye mkate, mpaka mkewe akawa anapumua huku ameuma upindo wa nguo yake.

Mganga alipoitwa, hakukubali hata kukaa.

"Nani yumo humo?" alinong'ona.

Midomo ya fundi haikucheza. Sauti ilitokea kitovuni. "Mwenye chemchemi. Mmenifukuza kwangu. Nimepata tumbo, nakaa."

"Zimeni pampu," mganga akasema. "Chemchemi ijae, atarudi kwake."

"Nitafukuzwa kazi!" Safari hii alikuwa fundi mwenyewe, akihema. "Hakuna njia nyingine?"

Mganga aliinamisha uso. "Ipo. Chafu. Umtapike kwenye bomba kubwa la mjini, ayafuate maji yake."

"Usithubutu," mke akasema. "Dada yangu yuko huko. Ana mtoto mchanga."

Fundi hakumtazama. Alijikokota hadi kwenye pampu, akafungua mfuniko, akainama. Zikatoka nywele, yakatoka makamasi na mayai ya vyura, na mwisho kikatoka kitu kizito chenye vidole, kilichoshika meno yake kwanza, kisha kikajiachia na kuteleza ndani, kikicheka polepole.

Pampu ikakoroma, ikakimeza.

Fundi akajifuta mdomo. Tumbo lilikuwa limenywea.

"Nina njaa," alisema. "Umepika nini?"

Mkewe akamtapikia miguuni. Kisha akashika njia ya mjini, peku, simu sikioni, ikiita tu upande wa dada yake bila kupokelewa, na chini ya barabara alisikia maji yakikimbia, yakimpita.