Kijakazi Aliyekatwa kwenye Filamu

Duka la vitambaa lilikuwa limefurika. Fundi cherehani alishika jora la kijivu, papo hapo mkono wa mwanamume ukalidaka upande wa pili.

"Kaka, achia. Mimi ndiye niliyeliona kwanza."

"Dada, nihurumie. Nina mitume kumi na wawili hawana nguo!"

Fundi alicheka mpaka vidole vikalegea. Kumbe huyo kijana mrefu, mwenye shati lililopigwa pasi upande mmoja, alikuwa mwongozaji wa filamu bubu ya visa vya Biblia.

"Hao mitume wanapita tu," alieleza. "Filamu ni ya wale wasioulizwa habari zao. Mke wa Ayubu. Kijakazi aliyemtambua Petro pale uani."

Fundi alishona majoho yote, kisha mwongozaji akambembeleza amwigize huyo kijakazi. Kuanzia hapo simu haikutulia.

"Sindano yangu, unafanya nini?"

"Nakuwaza wewe, najichoma vidole."

Jumatano, siku tatu kabla ya onyesho, mhariri wa filamu alikuja kuchukua joho. "Pole, shemeji," alisema, "kwa kile kipande chako kukatwa."

Fundi alizima simu. Akawasha. Akazima tena. Hakukalika: alishona akiwa amesimama, akapachika mkono wa kushoto kulia, akafumua.

"Mwanangu, una nini?" mama yake alimuuliza. "Sketi moja umeifumua mara tatu!"

"Sina kitu, mama."

Ijumaa asubuhi mwongozaji aliingia mwenyewe, macho mekundu.

"Nimepiga simu mpaka nimechoka."

"Umenikata, halafu nasikia kwa watu! Nilicheza vibaya?"

"Hapana. Niliona aibu kukwambia. Kijakazi alitakiwa amkazie macho Petro. Wewe ulikuwa unanikazia mimi, nyuma ya kamera. Nimekitazama kile kipande mara arobaini. Filamu haina sauti, lakini pale kila mtu atasikia."

Fundi alivuta kiti, akakaa. Hasira ilikuwepo bado.

"Kirudishe."

"Mama yako atakuwepo kesho. Atajua."

"Ajue. Na wewe uje na wazee wako, wakae naye safu moja. Taa zikiwaka, wasiondoke kabla hawajazungumza."