Pasipoti za Kwenye Kasiki

Saa tano asubuhi. Chumba cha nyuma cha udobi, joto la kukata pumzi. Fundi wa mashine akatupa ufunguo mpya juu ya meza ya pasi.

"Tajiri akienda kula, tunapanda ofisini kwake juu. Kasiki, mfuko, mlango wa nyuma. Basi."

Mpiga Pasi ndiye aliyeuiga. Tajiri aliusahau wa kwake kwenye suruali ya kufuliwa, naye akaukandamiza kwenye mche wa sabuni. Dhambi gani? Kila mmoja alipofika nchi hii, tajiri aliichukua pasipoti yake eti aitunze, akaifungia kwenye kasiki, sanduku lake la chuma, na muda wa viza ukaishia humo humo. Tangu hapo wanamfulia kwa kula na kulala. Mpiga Pasi hakutaka kisasi. Mama yake alikuwa hoi kitandani kwao nyumbani, alitaka kumwahi.

"Mlango wa mbele nakaa mimi," alisema Macho, mdogo wake wa tumbo moja. "Nikiona sare, napiga kelele 'mvua'."

"Na mkisikia mvua, tupeni mlichoshika, kimbieni," alisema Fundi. Nani asiyejua? Ndivyo walivyoishi bila viza: mbio kwanza, maswali baadaye.

Saa saba. Tajiri akatoka. Wakapanda. Kasiki ikafunguka bila ubishi. Fundi akazikomba pasipoti zote, akazitia mfukoni.

"Mvua! Mvua!"

Mfuko chini. Ngazi za nyuma. Fundi akapotelea uchochoroni. Mpiga Pasi akafika kwenye kona, akasimama. Mbona hakuna viatu vinavyowafuata? Akazunguka hadi mlango wa mbele.

Macho alikuwa anatoka polepole, mfuko begani.

"We mtoto! Polisi wako wapi?"

"Dada, hizi pasipoti zina mnunuzi. Niache."

"Nipe yangu tu. Mama anakufa!"

"Uende usiende, atakufa." Hakumtazama usoni. "Au niitie polisi, tuone."

Mpiga Pasi ndiye aliyembeba mgongoni huyu. Alimtumia nauli ya kuja. Polisi wa barabarani alikuwa pale njia panda, akiongoza magari.

"Mwizi!" Mpiga Pasi alipiga kelele. "Mwizi!"

Wapita njia wakamdaka Macho. "Dada, umetumaliza!" alilia.

Polisi akaupekua mfuko, akainua pasipoti moja, akalinganisha picha na uso wa Mpiga Pasi.

"Yako?"

"Yangu."

"Viza imeisha zamani. Unajua nitakupeleka wapi?"

"Najua," alisema, akinyoosha mikono yote miwili. "Wakinirudisha, nitamkuta mama?"