Mwisho Alioubadilisha Hester

Kila siku alipotoka shule, Hester Pruitt alitundika koti nyuma ya mlango, akala kipande cha mkate wa mahindi akiwa amesimama, kisha akaketi mbele ya taipureta. Baba yake, Lyman Pruitt, alilala karibu na dirisha akimtajia maneno ya kupiga chapa.

Lyman alikuwa mtunzi wa hadithi za hatari na safari. Kwa miaka kumi na minane zilitoka katika magazeti ya bei rahisi, na watoto wa jimbo lao la Ohio, Marekani, walizigombania mpaka kurasa zikachanika. Mwenyewe hakuwahi kuiona bahari. Majira hayo ya baridi ya mwaka 1909 moyo wake ulikuwa mgonjwa, hata vidole havikuwa na nguvu ya kubonyeza herufi.

"Mmefika wapi leo?" mama aliuliza kutoka jikoni.

"Nahodha Barrow yumo ndani ya barafu, nami nimo ndani ya blanketi," baba akajibu. "Sijui nani atatangulia kutoka."

Mama alicheka kidogo. Hester hakucheka.

Siku ya sura ya mwisho, nahodha alikufa kwenye barafu, na mwanawe akaiongoza meli hadi nyumbani. Hester akaacha kupiga chapa.

"Baba, asife."

"Lazima afe, mwanangu. Endelea."

Aliendelea. Lakini kesho yake, kabla ya kupeleka bahasha posta, alipiga upya ukurasa wa mwisho. Katika ukurasa wake, nahodha alionekana yu hai, akitembea juu ya theluji kuelekea kwa mwanawe.

Wiki sita baadaye gazeti likatoka, na barua za wasomaji zikaanza kuja. Hester alimsomea baba yake kama kawaida. Moja ilitoka kwa Orrin, mtoto wa mji wa makaa ya mawe huko Pennsylvania.

"Baba yangu alifukiwa mgodini mwezi wa kumi," aliandika. "Wote wanasema amekufa. Lakini hata Nahodha Barrow walisema amekufa, kumbe yu hai! Basi kila nikitoka shule nakwenda kumngoja pale mlangoni mwa mgodi. Mama ananikataza, ila simsikii."

"Yu hai?" baba akashtuka. "Nani kasema? Hebu lete gazeti."

Alisoma taratibu hadi mwisho.

"Nani kaandika haya?"

"Labda mhariri..." Hester alianza. Kisha akautazama uso wa baba yake. "Ni mimi, baba."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu na wewe unaumwa."

Baba alilikunja gazeti. "Sura ile niliitunga kwa ajili yako," akasema. "Nilishindwa kukwambia kwa mdomo. Daktari anasema sitafika kiangazi."

Hester akamwangukia kifuani, akalia mpaka shati la baba yake likalowa. Baba alimwacha alie, kisha akasema, "Sasa yule mtoto anasimama kwenye baridi, Hester."

"Utamwandikia?"

"Aliyempa uongo ndiye atakayempa ukweli."

Hester alichana karatasi nne. Ya tano aliipeleka posta. "Orrin, mwisho ule niliubadilisha mimi. Katika hadithi ya baba, nahodha hakurudi. Nilidanganya kwa sababu baba yangu anaumwa na sitaki afe. Nisamehe. Tafadhali usimngoje tena baba yako. Rudi kwa mama yako."

Jibu lilikuja baada ya siku kumi na mbili. "Nilikukasirikia sana. Nilitaka hata kulichoma gazeti. Lakini siendi tena mgodini. Siku hizi tunalia pamoja, mimi na mama, nyumbani."

Baba aliomba asomewe mara mbili. "Umeona?" akasema. "Ukweli unauma, lakini una nafasi ya watu wawili. Uongo mtamu humwacha mtu peke yake nje, akingoja kisichokuja."

Tangu hapo hawakufichana neno. Walizungumza kuhusu kaburi, kuhusu shule ya Hester, hata namna ya kuliwasha jiko lao bovu. Siku nyingine walilia, siku nyingine walitaniana.

Lyman Pruitt alifariki mwezi wa nne, asubuhi, mkono wake ukiwa mkononi mwa binti yake. Mama aliyafumba macho ya mumewe, akamvuta Hester karibu.

"Hatukudanganyana," akasema. "Ndiyo maana tumeweza kuagana."