Mlo wa Mwanamke Bubu

Umewahi kupendwa mpaka suruali zikakupwaya?

Makungu alipendwa hivyo. Mwaka 2006, mkewe Mwanakhamis hajatimiza hata mwaka Birmingham, mume keshakauka kama ng'onda. Daktari kapima damu, kapima mkojo, hakuona kitu. Hali ila chakula cha mkewe. Majirani wa Balsall Heath wakasema, mahaba hayo! Dada yake Makungu, Asmahan, aliyekuwa akisomea filamu chuoni, akauliza: mahaba gani ya kuhesabika mbavu?

Jioni moja ya Novemba akawatoa wote wawili, mtu na mkewe, hadi ghala moja Digbeth, wakapunge hewa. Alikuwa akionyesha, kwenye shuka iliyotundikwa ukutani, filamu ya zamani ya Kijerumani, bubu, ya mwanamke anayempenda mwanamume mpaka anamzika. Abdulnasir, zamani mtafsiri wa vibanda vya video kule Temeke, ndiye aliyekaa kando ya shuka akiwatilia waigizaji maneno papo hapo.

"Anamwambia, baba, kula! Ubwabwa huu si wa bure!"

Watu wakacheka. Abdulnasir akainama kunywa maji.

Sauti haikukoma.

"...kula, mpenzi... kidogo tu..."

Ya kike. Ya chini. Na midomo ya yule Mjerumani pale kwenye shuka ilikwenda nayo sawia.

Harufu ya ubani ikatanda. Chini yake, kitu kilichooza.

"Si mimi," Abdulnasir akanong'ona, chupa ingali mbele ya mdomo. "Wallahi si mimi."

Asmahan, asiyeamini majini wala wahadhiri, akachomoa waya wa mashine.

Picha haikuzimika.

Mwanamke akageuka. Akamtazama Makungu. Akanyoosha kijiko.

Makungu akafunua mdomo.

Akatafuna. Hewa tupu... na kila akitafuna, mashavu yakazidi kubonyea.

"Kaka, tema!" Asmahan akamtikisa, mikononi mwake kaka alikuwa mwepesi kama kanzu iliyoanikwa. "Wifi, umemlisha nini?"

"Mimi? Wifi, wanifanya mchawi? Filamu si yako?"

"Anakufa huyu!"

Pale kwenye shuka, mwanamke akamtabasamia Mwanakhamis, kama watu waliowahi kupika jiko moja.

Makungu akakohoa. Macho yakapinduka, yakabaki meupe.

Mwanakhamis akapiga magoti, akamshika mumewe miguu.

"Limbwata," akasema, mbele za watu wote. "Nililetewa kutoka nyumbani. Niliambiwa mara moja tu, inatosha. Nikaogopa ataniacha... nikamtilia chakulani kila siku."