Kigae Cheupe cha Singe

Mzee Xavery alilala kifudifudi katikati ya magunia ya mbaazi, kisogo kimepondwa. Kando yake ilitupwa fimbo ya Gidamis, mchunga ng'ombe wake, ina damu. Majirani wa Singe walikuwa wameshahukumu. Gidamis ndiye aliyeuona mwili, fimbo ni yake, basi kesi imekwisha, watu wakapike.

Inspekta Redempta hakuwapenda watu wanaohukumu haraka. Kusema kweli, hakuwapenda watu wengi.

"Afande, fimbo haina alama hata moja ya kidole," alisema Sajini Teodori, brashi ya unga mkononi. "Hata za Gidamis hazipo."

"Mchunga ng'ombe gani huyo anayepangusa fimbo yake kisha anaiacha hapohapo?"

Redempta alipekua koti la marehemu, akatoa kigae cha duara, cheupe kama majivu.

"Jumapili alituonyesha," Teodori akanong'ona. "Kilikuwa cheusi tii."

Vigae vile vilifukuliwa Sigino watu wakichimba kisima. Vilikuwa vitatu. Nani alivitengeneza, na lini, hakuna anayejua; wataalamu walikuja na vipimo vyao, wakaondoka na vipimo vyao. Kinachojulikana ni kwamba ukikibana kiganjani unarudi nyuma saa moja. Ni wewe peke yako unayeikumbuka saa iliyofutika, na kigae kinageuka cheupe, hakifanyi kazi tena. Cha kwanza bwana mmoja alikitumia kubadili mkeka wa kubeti, akaliwa tena. Cha pili bibi harusi alikibana kwa ajili ya nywele zake. Redempta akikumbuka hayo husonya. Maajabu makubwa kama yale, yakaangukia mikononi mwa watu kama wale!

Cha tatu kilikuwa cha Xavery. Nacho kimetumika.

Kituoni, Gidamis alisimama mahabusu bila viatu.

"Ulikibana kigae?"

"Mimi hata kukigusa naogopa, Afande. Nilikwenda kununua chumvi ya ng'ombe. Narudi, mzee ameshakufa."

Mke wa Gidamis, Frida, alikuwa amekaa nje ya kituo, mtoto mgongoni. Mkuu wa upelelezi wa wilaya alitaka hati ya mashtaka ya mauaji iwe mezani kwake saa kumi. Ilikuwa saa nane.

Redempta alirudi Singe, kwa Mama Baltazar, ajuza anayekaa mkabala na geti la marehemu.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Afadhali wewe una adabu."

"Nani hana?"

"Adrian! Mtoto wa mdogo wake Xavery, mwalimu mzima wa kwaya. Leo saa nne na robo kanipita hapa kama kapita kisiki. Tangu azaliwe hajawahi!" Alifuta macho kwa kanga. "Na nilikuwa namngojea mtu wa kwanza kunisalimia nimpe habari. Saa nne kasoro mkwe wangu kapiga simu, Sabrina wangu amejifungua mapacha. Yule kanipita, mara nasikia Gidamis analia. Sasa nitatangazaje mapacha kwenye msiba? Wewe ndiye wa kwanza kuambiwa."

Redempta alimshukuru, akampongeza, akaagiza Adrian aletwe.

Adrian aliingia na shati lililopigwa pasi, uso wa huzuni.

"Baba yako mkubwa ulimwona saa ngapi?"

"Saa nne na robo, Afande. Nilimwacha mzima, anakunywa uji. Kumbe yule mbwa anamvizia."

"Nani alikuona?"

"Mama Baltazar, pale nje."

"Ulimsalimia?"

"Ah, Afande! Mimi nimpite mama mzee bila shikamoo? Tumeongea vizuri, akaniambia Sabrina kajifungua mapacha."

Redempta aliweka kalamu chini.

"Mama huyo hajamwambia mtu yeyote ila mimi. Anasema ulimpita kimya."

"Mzee yule, kumbukumbu zake..."

"Ulimsalimia, sikatai. Katika saa iliyofutika. Ulipopita mara ya pili, kichwani mwako shikamoo ilishatolewa. Nani humwamkia mtu yuleyule mara mbili asubuhi moja?"

Redempta alimkumbusha haki yake ya kunyamaza, lakini Adrian hakuitumia.

"Mara ya kwanza zilikuwa hasira," alisema. "Aliniambia ameshaandikisha shamba la Mutuka liwe la Gidamis, eti kamtumikia miaka ishirini. Mchunga ng'ombe, Afande! Hata kusoma hajui! Nilishika mchi, nikampiga. Nilipoona damu nililia, kweli nililia. Nikakitoa kigae mfukoni mwake, nikakibana."

"Ukarudi."

"Nikajikuta stendi, saa tatu na nusu, shati safi."

"Na yeye yuko hai."

"Yuko hai."

"Kuna watu hapa Babati wamezika watoto," Redempta alisema polepole, "wangetoa kila walicho nacho wapate saa hiyo moja. Wewe uliipata bure. Uliifanyia nini?"

Adrian alitazama mikono yake.

"Nilifikiri vizuri. Nikapitia zizini kwanza, nikachukua fimbo ya Gidamis."

"Hukuongea naye kabisa?"

"Aliniita, ana jambo la kuniambia. Sikumngoja. Nilishajua atakachosema."

"Nyoo! Mwalimu wa kwaya!" Redempta alisimama, kiti kikaanguka. "Nimekaa na wezi, nimekaa na wabakaji, sijawahi kutamani kunawa mikono kama leo. Teodori! Mwandike huyu maelezo ya onyo."

Alikwenda mwenyewe kufungua mahabusu. Alimwambia Gidamis kwamba yuko huru, kwamba mkewe anamngoja nje, na kwamba mzee alimwachia shamba la Mutuka.

Gidamis hakuuliza ni ekari ngapi. Alivaa viatu vyake taratibu, akauliza kama ng'ombe wa mzee wameshanyweshwa maji.