Mwite Tena, Mama

“Mwite tena, Mama. Taratibu. Tazama dirishani.”

Mke akairudisha nyuma video kwenye kompyuta, akasikiliza tena. Sauti ile ilikuwa ya mumewe, na aliyekuwa akiambiwa hivyo ni mama mzazi wa mke mwenyewe, aliyezikwa miezi mitano iliyopita.

Mumewe, ambaye mtaa mzima ulimwita Msanii, alikuwa akitengeneza filamu tulivu: vilima, ukungu, njia zilizoota nyasi, na wazee wakikumbuka yaliyokuwapo. Mkewe ndiye aliyemsafishia sauti za filamu hizo. Filamu hii ilihusu bonde alikozaliwa mke, na Msanii alikaa huko mwezi mzima, nyumbani kwa mkwewe, akirekodi.

Kwenye skrini bibi wa watu alikuwa akihangaika kitandani, kakonda kama ufito.

“Mwanangu yuko wapi? Mwambieni aje, mimi nakwenda.”

“Anakuja, Mama. Hebu mwite tena.”

Mke akatazama tarehe. Jumanne. Mama alifariki Alhamisi. Akashika simu, akapekua mpaka ujumbe wa Jumanne ile:

“Usijisumbue kuja, mke wangu. Mama hajambo, anakula, wala hakuulizii.”

Papo hapo Msanii akaingia na vikombe viwili vya chai.

“Umefika wapi, mpenzi?”

“Nimefika kwa mama. Kwa nini uliniambia hajambo?”

Akaiona skrini. Akaweka vikombe chini polepole.

“Ungekuja angetulia. Nilihitaji ile hamu yake. Ndiyo roho ya filamu, watu watalia!”

“Yaani mtu anakata roho, wewe unamnyima mwanawe ili upate picha?”

“Nilikuwa namhifadhia kumbukumbu! Nilimpenda sana mama...”

“Usiniguse! Unanitia kinyaa.”

Akachomoa diski yenye kazi yote, akaenda zake kwa kaka yake.

Ujumbe ukaanza kumiminika. “Nisamehe. Bila wewe mimi si kitu.” Dakika mbili baadaye: “Diski usiiweke kwenye joto.”

Wiki ya pili Msanii akaja na baba yake mdogo kuomba suluhu. Mzee alisema kwa adabu, akaomba radhi kwa niaba ya ukoo, hata moyo wa mke ukaanza kulegea. Akamgeukia mumewe.

“Haya, sema mwenyewe. Umefuata nini?”

“Nimekufuata wewe, mke wangu. Ila maonyesho ni Jumamosi. Hata kile kipande cha mama peke yake kingetosha.”

Kaka mtu akainuka, akatema mate nje ya dirisha. Baba mdogo naye akasimama, akajikung'uta suruali kana kwamba amekalia uchafu.

“Kumbe hatukufuata mke! Binti yangu, niwie radhi kwa kukuletea uvundo ndani. Na wewe, mwandikie mwenzio talaka yake hapa hapa.”

“Baba mdogo, nisikilize kwanza...”

“Andika! Au na mimi unangoja nikate roho ndipo unielewe?”

Msanii akaandika. Mke akaisoma karatasi mara mbili, akaikunja, akaenda kunawa mikono.